Kujaziwa vichekesho Mwanga, Kigoma: muvi wanazijua, ukimya hawaujui

Kwa mkazi wa Kigoma, njia ya haraka ya kupata vichekesho vya nje bado ni ileile: unapeleka flashi kwenye maktaba ya muvi, unachagua kwenye kompyuta, unajaziwa, unaondoka. Mwanga ziko za kutosha, na Ujiji hazikosekani. Hapa tunaangalia mzigo wa aina moja tu, zile komedi za mwanaume mjinga anayejikuta: jasusi asiyejua anampeleleza nani, askari anayevunja kila kitu chumbani akitafuta ushahidi, mtangazaji anayejiona mwenye mji ilhali hasikii hata maneno yanayomtoka mdomoni. Kwa muvi za ngumi na tamthilia za Kikorea maktaba hizi hazina shida. Kwa komedi za namna hii huduma ni nusu kwa nusu.

Tuanze na sifa, maana wanazistahili. Vijana wa kaunta wana kumbukumbu ya ajabu. Huhitaji kujua jina; ukisema “ile ya Mr. Bean akiwa jasusi” tayari keshafungua Johnny English. Ila hapo uwe macho, kwa sababu ziko tatu, ya 2003, ya 2011 na ya 2018, na faili mara nyingi zimeandikwa jina bila mwaka. Taja mwaka. Naked Gun ndiyo yenye mtego zaidi. Ya zamani ni ya 1988, Leslie Nielsen akiwa askari Frank Drebin. Mwaka 2025 imetoka nyingine yenye jina hilohilo, na humo Liam Neeson ni mtoto wa Drebin. Anayemjua Neeson kwa kuwasaka watekaji wa binti yake akiona ile sura kavu kwenye picha atabeba akidhani ni muvi ya kisasi. Si ya kisasi hata kidogo. Kuna anayefurahi kuumbuka hivyo, na kuna anayerudi kudai chake.

Sasa tatizo lenyewe: zilizotafsiriwa. Kazi ya kutafsiri muvi kwa sauti ya mtu mmoja, iliyokuzwa na akina Lufufu tangu enzi za kanda za VHS, inafaa sana pale ambapo mambo ni mengi na maneno ni machache. Mtafsiri anapamba, anachochea, anampa adui jina la utani, na muvi mbovu inapata uhai. Komedi ya mwanaume anayejikuta inaenda kinyume. Inachekesha kwa sababu mhusika mwenyewe hacheki. Leslie Nielsen aliigiza miaka mingi kwenye filamu za watu makini kabla ya kugeukia vichekesho, na alipogeukia hakubadilisha uso. Anafanya upuuzi kwa sura ya mtu anayesaini mkataba. Halafu inakuja sekunde mbili au tatu za ukimya, watu wanamtazama, yeye anaendelea kama kawaida. Kicheko kiko pale. Mtafsiri akikiona kile kimya anaona ni nafasi tupu, anaijaza: “Mcheki huyu zoba, sasa hivi anaumbuka, subiri uone!” Basi, umeshaona.

Kuna na suala la sauti. Kwenye kutafsiri, sauti ya asili hushushwa ili ya mtafsiri isikike. Katika Naked Gun ya 1988 Drebin anatoka kwenye mkutano na waandishi wa habari, anaingia chooni, na kipaza sauti kimebaki kifuani mwake, hakijazimwa, huku meya akiendelea kuhutubia kwa heshima zote. Kila kinachosikika ukumbini ndiyo utani mzima. Ukiishusha ile sauti umebaki na mama anayehutubia tu.

Anchorman ya 2004 ndiyo inayoumia kuliko zote. Will Ferrell ni Ron Burgundy, mtangazaji wa habari San Diego miaka ya 1970, na sifa yake ni kwamba husoma chochote kilichoandikwa kwenye skrini ya kusomea. Mtu anaweka kiulizo mwishoni mwa jina lake, naye anajitambulisha kwa kuuliza, kama hana uhakika yeye ni nani. Utani wote uko kwenye mpando wa sauti. Mtafsiri akisema “naitwa Ron Burgundy” kwa sauti ileile ya kawaida, kiulizo kimekwenda na maji. Na si kiulizo tu, kwa sababu ndicho kinachokuandaa kwa pale mbele atakapobadilishiwa maneno ya kuagia, akautukana mji mzima hewani bila hata kujua kwamba ametukana. Hii ichukue ya asili yenye maandishi ya chini, au iache. Na usiifungulie sebuleni wakwe wakiwa wamekaa, lugha yake chafu.

Johnny English ni habari nyingine. Rowan Atkinson anachekesha kwa mwili, kwa hiyo kutafsiriwa hakumdhuru sana, na mara nyingine kunamsaidia. Kwenye ile ya 2003 anavamia mazishi akiamini waombolezaji ni wahalifu wanaoigiza, anawasuta mbele ya jeneza, kumbe ni msiba wa kweli wa watu. Mtafsiri anayejua maneno ya msibani anaweza kuifanya sehemu hiyo iwe nzuri kuliko ilivyo kwa Kiingereza. Vivyo hivyo ya 2018, pale anapovaa miwani ya kompyuta na kutoka mtaani London akidhani bado yuko kwenye mazoezi ya ndani, anawashambulia wapita njia kwa kujiamini kabisa. Hapo hakuna cha kutafsiri.

Ukichukua ya asili, kasoro inayofuata ni maandishi ya chini yasiyoendana na picha. Mara nyingi chanzo ni hiki: faili la muvi linakwenda kwa fremu (picha moja moja) 24 kwa sekunde, na maandishi yametengenezwa kwa ajili ya toleo la fremu 25. Mwanzoni hugundui. Kadiri muvi inavyosonga maandishi yanatangulia, na kwenye muvi ya dakika 90 mwishoni yanakuwa mbele kwa zaidi ya dakika 3 na nusu. Unasoma jibu kabla swali halijaulizwa, ni kosa lilelile la mtafsiri kwa njia nyingine. Kama unatazamia kompyuta yenye VLC, programu ya kuchezea muvi, vitufe vya G na H vinasogeza maandishi mbele au nyuma, lakini vinatibu pengo lisilobadilika tu. Hili linaloongezeka halitibiki hivyo. Omba faili jingine la maandishi. Hakikisha pia faili la maandishi lina jina lilelile la muvi, herufi kwa herufi, na limekaa folda moja nayo, la sivyo TV nyingi hazitalionyesha.

Usiridhike na kuonyeshwa kwenye kompyuta ya dukani. VLC inasoma karibu kila kitu. TV yako haisomi. TV nyingi za bei nafuu, hasa zile ndogo za sola, hazifungui faili ambazo picha yake imebanwa kwa x265: unasikia sauti na skrini nyeusi. Faili lenye sauti ya DTS linafanya kinyume, picha ipo na sauti hakuna. Omba MP4 ya H.264 yenye sauti ya AAC. Kisha omba flashi ichomekwe kwenye TV ya dukani, rukia dakika ya 60 uangalie maandishi, na uangalie dakika tano za mwisho, maana umeme ukiyumba wakati wa kunakili, au flashi ikichomolewa mapema, muvi inakatika huko. Kwa anayepanda boti Kibirizi kwenda vijiji vya ziwani hili ni la lazima, nani atarudi kwa ajili ya muvi moja?

Bei ni shilingi 500 mpaka 1,000 kwa muvi, na ukichukua nyingi mnaelewana. Flashi ya GB 16 ina nafasi halisi kama 14.9, yaani muvi 16 hivi za MB 900. Ikiwa imefomatiwa kwa mfumo wa FAT32 haipokei faili moja linalozidi GB 4, lakini komedi ya dakika 90 haina sababu ya kuwa na uzito huo. Anayekupa ya GB 5 anakumalizia nafasi bure. Flashi za GB 64 za bei ya kutupa zikwepe: nyingi zinadanganya ukubwa, majina yanaonekana yote na nusu hazifunguki.

Osuofia in London, komedi ya Nigeria ya 2003 ya Nkem Owoh, wengi wanakupa sehemu ya kwanza tu. Dai na ya pili. Huyu mwindaji wa kijijini anayerithi mali London na kuingia mjini kama chifu ndiye Mwafrika anayekaribia zaidi akina Drebin. Marehemu King Majuto wanamweka folda hiyohiyo, ila yeye ni wa aina nyingine: mzee wa Majuto anajua anachokifanya, ujanja ndio unaomponza. Kazi zake usizijaze kwenye flashi. Tafuta DVD yenye stempu ya TRA, maduka machache bado wanazo, na picha yake ni safi kuliko nakala yoyote ya kaunta.