Kofi la gereji: nimeitazama Hævnen ya Denmark

Karibuni tena watazamaji wangu. Leo nina filamu ya Denmark ya mwaka 2010, Hævnen. Kwa Kidenishi maana yake ni kisasi chenyewe. Ameiongoza Susanne Bier, na mwaka 2011 ikachukua Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Kama hujaiona, ishia hapa kwanza, maana nitasimulia yote.

Christian ni mtoto aliyefiwa na mama kwa saratani. Shuleni anamkuta Elias anaonewa, anamvamia mwonevu kwa pampu ya baiskeli na kumtishia kisu. Na uonevu unakoma kweli! Hapo ndipo filamu iliponishika, kwa sababu haitudanganyi: kisasi cha kwanza kimelipa. Sasa nani atamfundisha mtoto huyu kitu kingine?

Anajaribu Anton, baba yake Elias, daktari. Fundi magari amemzaba kofi mbele ya watoto. Anton anarudi nao hadi gereji, anazabwa tena, harudishi. Anawaambia yule mtu ni mjinga, ameshindwa. Christian anamjibu kwamba haoni kama yule jamaa mwenyewe anajiona ameshindwa. Jamani! Nilirudia pale mara tatu. Basi Christian na Elias wanaunda bomu kwa baruti ya fataki, walipue gari la fundi. Asubuhi ya tukio mama na bintiye wanapita wakifanya mazoezi, Elias anatoka mbio kuwaonya, na mlipuko unampata yeye.

Huku Anton anafanya kazi kambi ya wakimbizi Afrika, sehemu zilizopigwa picha Kenya. Analetewa mbabe wa vita anayepasua matumbo ya wajawazito, na anamtibu. Siku mbabe anapomkejeli msichana aliyekufa, Anton anamburuta nje na kumwachia umati. Yule yule aliyevumilia makofi. Mikael Persbrandt, anayemwigiza Anton, hasemi mengi pale, lakini uso wake umevunjika.

Kimoja kimeniuma. Majonzi ya watoto wa Denmark tunayajua ndani nje, ila wafiwa wa kambini hata majina hawapewi. Msiba wao umegeuzwa mtihani wa daktari. Bier angewapa angalau dakika tano za kuzungumza wenyewe.

Ukiwa na kijana wa sekondari nyumbani, itazameni pamoja. Mkifika gereji simamisheni, umuulize yeye angefanya nini. Niandikie hapo chini alivyojibu.