Kulipa Dakika Tatu, Kuelewa Mwaka Mzima: Tathmini ya Huduma ya Kodi ya Majengo Mtandaoni nchini India

Tangu mume wangu arithi nyumba ya marehemu mama yake, kazi ya kulipa kodi ya majengo ya nyumba hiyo imeniangukia mimi, kwa sababu moja tu kwamba ndiye ninayetunza mafaili ya nyumbani. Nyumba yenyewe iko katika jiji moja la India ambalo sitalitaja, kwa kuwa baadhi ya nitakayoyaeleza si ya sifa, na ofisi husika haipo hapa kujitetea. Ninachokitathmini ni huduma nzima jinsi inavyomfikia mwenye nyumba: tovuti ya manispaa, kikokotoo chake, ukurasa wa malipo, na ofisi ya kanda iliyo nyuma ya hayo yote. Hukumu yangu naitoa mapema ili msomaji asiitafute: upande wa kupokea fedha umetengenezwa vizuri kuliko huduma nyingi za serikali nilizowahi kutumia, ilhali upande wa kumweleza mlipakodi anadaiwa nini, na kwa nini, umeachwa mikononi mwa mlipakodi mwenyewe.

Anayeanza hutafuta kwanza tovuti moja ya taifa, na haipo. Katiba ya India imeiweka kodi ya ardhi na majengo chini ya mamlaka ya majimbo, na marekebisho ya 74 ya Katiba hiyo, yaliyopitishwa mwaka 1992, yaliyaruhusu mabunge ya majimbo kuzikabidhi manispaa uwezo wa kuitoza. Kwa hiyo kila jimbo lina sheria yake, na kila jiji kubwa lina kanuni, tarehe na msamiati wake. Hata kipimo chenyewe hakifanani. Miji kama Hyderabad na Chennai hukadiria nyumba ingeweza kupangishwa kwa kiasi gani. Mumbai, tangu mwaka 2010, huangalia thamani ya jengo sokoni. Delhi tangu mwaka 2004, Bengaluru tangu mwaka 2008 na Kolkata tangu mwaka 2017 huhesabu kwa ukubwa wa eneo na mahali nyumba ilipo. Ushauri wa rafiki anayeishi jiji jingine, hata akiwa mhasibu, unaweza kukupotosha kabisa, na nililijifunza hilo kwa kulipia.

Delhi ndiyo mfano ninaoupenda kuwaonyesha jamaa, kwa sababu hesabu yake mtu anaweza kuimaliza kwa kalamu na karatasi. Makazi ya jiji yamegawanywa katika madaraja 8, kuanzia A hadi H, na kila daraja lina thamani yake kwa mita moja ya mraba: rupia 630 kwa daraja A, rupia 320 kwa daraja D, rupia 100 kwa daraja H. Thamani hiyo huzidishwa kwa eneo lililojengwa, kisha kwa vizidishio vya umri wa jengo, matumizi, aina ya ujenzi na ukaaji. Tuchukue nyumba ya ghorofani yenye mita za mraba 80 katika daraja D, iliyojengwa mwaka 1994 kwa matofali na zege, ambayo mwenyewe anaishi humo. Rupia 320 mara 80 ni 25,600. Kizidishio cha umri kwa majengo ya miaka ya 1990 ni 0.9, na vingine vyote kwa nyumba hii ni 1, kwa hiyo thamani ya mwaka ni rupia 23,040. Na asilimia 11, ambayo ndiyo kiwango cha makazi ya madaraja C hadi E, ni rupia 2,534 na paisa 40. Anayelipa yote kwa mkupuo kabla ya mwisho wa Juni amekuwa akipata punguzo la asilimia 10, ambalo zamani lilikuwa 15. Nyumba hiyohiyo ikipangishwa, kizidishio cha ukaaji hupanda kutoka 1 hadi 2, na kodi huwa maradufu. Hapo ndipo uaminifu wa watu hujaribiwa, maana mfumo wote umejengwa juu ya mwenye nyumba kujikadiria mwenyewe: yeye hujaza, yeye hukokotoa, yeye hulipa, na manispaa hubaki na haki ya kuja kukagua baadaye.

Mfumo wa kujikadiria nauunga mkono. Umewaondolea watu adha ya kumsubiri mkaguzi anayefika akiwa na kalamu na matarajio yake. Hata hivyo, humtaka mtu wa kawaida ajue jambo ambalo hata wauzaji wa nyumba hawalisemi kwa uwazi, nalo ni ukubwa wa nyumba yake. Nchini India nyumba za ghorofa zimeuzwa kwa miongo kadhaa kwa vipimo vitatu tofauti: eneo la sakafu iliyo ndani ya kuta, eneo lililojengwa ambalo hujumuisha unene wa kuta na roshani, na eneo la kuuzia, ambalo humwongezea mnunuzi fungu lake la ngazi, lifti na ukumbi wa kuingilia. Sheria ya mwaka 2016 ya kusimamia biashara ya majengo iliwataka waendelezaji kutaja eneo la ndani ya kuta, lakini hati za kabla ya hapo zimejaa kipimo cha tatu. Hati ya mama mkwe wangu ilikuwa miongoni mwao. Iliandika futi za mraba 1,240. Fundi niliyemwita na futikamba yake alipata 985 za eneo lililojengwa. Kwa miaka mingi mama alikuwa akilipia sehemu ya ngazi ambayo kila jirani naye alikuwa akiilipia, na kikokotoo cha tovuti, chenye kisanduku kimoja kilichoandikwa “eneo” bila neno lolote la ufafanuzi, hakikumpa sababu ya kutilia shaka.

Nikilinganisha na miji mingine, Bengaluru inastahili sifa kwa kutenganisha hali za walipakodi kwa fomu: ipo ya asiyebadilisha chochote tangu mwaka uliopita, ipo ya aliyeongeza chumba au kubadili matumizi, na ipo ya asiye na namba ya utambulisho wa jengo. Mtu hujua amesimama wapi kabla ya kuanza. Hesabu yenyewe ina ukarimu wa ajabu, kwani thamani ya mwaka huhesabiwa kwa miezi 10 badala ya 12, kisha hupunguzwa uchakavu, ndipo asilimia 20 hutozwa kama kodi. Juu ya kodi hiyo huongezwa tozo ya asilimia 24, ambayo wageni wengi huisahau wanapopanga bajeti. Alipaye yote ndani ya Aprili hupata punguzo la asilimia 5, kama ilivyo Hyderabad. Kinachochosha huko ni khata, yaani kumbukumbu ya jengo katika daftari la manispaa, ambayo kwa miaka mingi imekuwa ya aina mbili, A na B, na mwenye khata B hulipa kodi kama wengine lakini hukwama anapotaka mkopo wa benki au kibali cha ujenzi. Tangu mwaka 2024 jiji hilo limekuwa likihamishia khata kwenye mfumo wa kielektroniki, na mwaka 2025 liligawanywa katika manispaa 5, kwa hiyo anayeanza sasa ahakikishe kwanza nyumba yake imeangukia upande upi.

Mumbai ni kinyume chake. Huko ankara hutolewa na manispaa, na mwenye nyumba hahitaji kukokotoa chochote. Nyumba za kuishi zenye futi za mraba 500 au pungufu zimesamehewa kodi hiyo tangu tarehe 1 Januari 2022, nafuu ambayo katika jiji la vyumba vidogo si jambo dogo. Lakini utulivu huo una gharama yake, kwa sababu asiyekokotoa hajui anapoonewa. Mwaka 2022 Mahakama ya Juu ya India ilithibitisha kufutwa kwa baadhi ya kanuni za ukadiriaji za jiji hilo, zilizokuwa zikihesabu hata ukubwa ambao kiwanja kingeweza kujengwa siku za usoni. Waliofungua kesi walikuwa na mawakili. Mlipakodi wa kawaida angeipokea ankara na kuilipa tu.

Sasa nirudi kwenye kulipa, ambako huduma ya jiji letu inang’aa. Unaingiza namba ya jengo, deni linajitokeza, unachagua njia, na kwa mfumo wa malipo ya simu uitwao UPI, ulioanza mwaka 2016 na ambao leo hata muuza chai wa kando ya barabara anautumia, unaskani alama kwa simu na kuingiza namba ya siri. Mara yangu ya kwanza ilichukua dakika tatu, risiti ikiwemo. Kadi ya mkopo huongezewa ada, kwa hiyo niliiacha mara moja. Tovuti ina lugha mbili, herufi zake husomeka kwenye simu, na risiti za miaka iliyopita zinaweza kupakuliwa tena. Hili la mwisho lina thamani kuliko linavyoonekana, kwa sababu siku ya kuuza nyumba mnunuzi makini atataka kuona mfululizo wa risiti; malimbikizo hulifuata jengo, na mnunuzi asiyeuliza hurithi deni la aliyemtangulia.

Sifa hizo hazifuti yaliyonipata mwaka wa tatu. Nilisubiri hadi siku ya mwisho ya punguzo, kosa ambalo ni langu, na fedha zikakatwa benki lakini risiti haikutoka. Ukurasa uliandika “inashughulikiwa”. Uliendelea kuandika hivyo kwa siku 9, kisha fedha zikarudi kwenye akaunti yetu kana kwamba hatukuwahi kujaribu. Kufikia hapo punguzo lilikuwa limepita na deni limeanza kuhesabiwa riba. Namba ya simu ya msaada ilipokelewa na kijana mwenye adabu ambaye alinieleza, kwa uvumilivu mwingi, kwamba kwa mujibu wa mfumo sikulipa. Tangu siku hiyo hulipa wiki mbili kabla, nami hupiga picha ya kila ukurasa.

Ofisi ya kanda nayo inahitaji moyo. Huko karani huitwa “babu”, awe na miaka 25 au 60, na masikio yangu yaliyozoea Kiswahili hayajakubali kumwita hivyo kijana aliye rika la mpwa wangu. Tulikwenda kwake kwa ajili ya kubadili jina la mlipakodi, shughuli ambayo kaskazini mwa India huitwa dakhil kharij, maneno ya Kiarabu yenye maana ya kuingia na kutoka. Anayejua neno letu kudahili atalielewa la kwanza bila mkalimani. Walitaka cheti cha kifo, karatasi za warithi, tamko la kiapo kwenye karatasi ya stempu, na risiti ya mwisho isiyo na deni. Fomu hiyo haikuwa mtandaoni wakati ule. Shughuli ilichukua miezi 7, na katika kipindi hicho tulilipa kodi kwa jina la marehemu, jambo ambalo mfumo ulilipokea bila kusita. Ni vyema pia kufahamu kwamba jina katika daftari la kodi si uthibitisho wa umiliki. Mahakama za India zimelirudia hilo mara nyingi, na hati ya mauzo au ya mirathi bado ndiyo inayotegemewa.

Kwa waliopangisha, risiti ina faida ya pili. Shemeji yangu, ambaye nyumba yake ina mpangaji, huondoa kodi ya manispaa aliyoilipa kwenye pato la pango kabla ya kukokotoa kodi ya mapato, lakini sheria inamruhusu kuiondoa katika mwaka aliolipa kwa kweli, na si katika mwaka aliodaiwa tu. Mwaka wa fedha huishia tarehe 31 Machi. Aliyelipa tarehe 2 Aprili atasubiri mwaka mzima kupata nafuu hiyo, na mpangaji akiwa ndiye aliyelipa, mwenye nyumba haipati kabisa.

Kuhusu zile futi 255 za ziada, nimewasilisha ombi la kurekebishiwa eneo, pamoja na mchoro uliotiwa sahihi na mhandisi aliyesajiliwa, na nimepewa namba ya ombi ambayo huifuatilia kwenye tovuti ileile. Kuzuia malipo hadi nijibiwe kusingenisaidia, kwa kuwa riba huendelea kuhesabiwa, na sheria ya Delhi, kwa mfano, haimruhusu mlipakodi kusikilizwa rufaa kabla ya kuweka kiasi kinachobishaniwa. Kwa hiyo mwaka huu pia nimelipa kwa futi 1,240, nikapata punguzo langu, na nikaandika barua fupi ya kueleza kwamba nimelipa bila kukubaliana na kipimo hicho. Nakala yake, yenye mhuri wa masjala, iko kwenye faili nyuma ya risiti.