Matembezi ya Jiolojia Katika Milima ya Irangi: Huduma Inayokubali Kuulizwa "Mmejuaje?"

Kundi dogo la vijana wa hapa Dodoma waliosomea jiolojia na akiolojia huwachukua wageni mjini alfajiri na kuwapeleka wilayani Kondoa kwa matembezi ya siku nzima. Lengo lao si kuonyesha wanyama wala mandhari, bali kueleza jinsi wanasayansi wanavyofahamu mazingira ya enzi ya barafu ya mwisho na mabadiliko ya tabianchi yaliyofuata. Nilikwenda nao msimu huu wa kiangazi pamoja na walimu wenzangu wa jiografia, na ninaandika tathmini hii kwa ajili ya walimu wengine na wazazi wanaofikiria kuwalipia watoto wao.

Kipimo nilichotumia kuipima huduma hii ni kimoja. Miaka 20,000 iliyopita hapakuwa na kipimajoto wala kipimamvua mahali popote duniani, kwa hiyo kila jambo linalosemwa kuhusu wakati huo limetokana na ushahidi usio wa moja kwa moja: udongo, tope la ziwani, chavua (unga wa maua), maganda, barafu. Mwongozaji anayetaja miaka na nyuzi za joto bila kueleza zilivyopatikana hamfundishi msikilizaji chochote anachoweza kukikagua mwenyewe. Kwa kipimo hicho, sehemu kubwa ya siku ile ilikuwa ya kiwango cha juu sana, na sehemu ndogo ilihitaji marekebisho ambayo nitayataja bila kuficha.

Sehemu bora kuliko zote ni kituo cha kwanza, kwenye korongo. Wasomaji wa mkoa huu wanajua historia ya makorongo ya Kondoa: mmomonyoko ulifikia kiwango kilichoilazimu serikali kuanzisha mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma mwaka 1973, na mwaka 1979 mifugo ikaondolewa katika eneo lililoharibika zaidi ili ardhi ipumzike. Wengi wetu tumekua tukiamini kwamba makorongo hayo yote ni kazi ya binadamu na mifugo yake. Mwongozaji alitusimamisha mbele ya ukuta wa korongo na kutuonyesha kwamba udongo ulioporomoka umekaa kwa matabaka yasiyofanana: chini kabisa kuna tabaka la kokoto na mawe madogo, na juu yake mchanga laini. Utafiti uliofanywa katika milima hii na kuchapishwa mwaka 2000 ulikadiria kwamba tabaka la mawe liliporomoka kati ya miaka 14,500 na 11,400 hivi iliyopita, yaani wakati enzi ya barafu ilipokuwa inamalizika, ilhali sehemu kubwa ya mchanga wa juu iliporomoka ndani ya miaka 900 ya karibuni, wakati kilimo na ufugaji ulikuwa umeshaenea.

Mzee mmoja mwenye shamba kando ya korongo, aliyekuwa amefika kutusalimia, ndiye aliyeuliza swali ambalo sisi walimu tulipaswa kuwa wa kwanza kuuliza: "Sasa kijana wangu, huo mchanga umekwambia wenyewe kwamba una miaka elfu kumi na nne?"

"Ndiyo, mzee wangu, umesema wenyewe," kijana alijibu kwa heshima, kisha akatumia karibu nusu saa kueleza. Ardhi yoyote ina kiasi kidogo cha uraniamu, thoriamu na potasiamu, ambazo hutoa mnururisho wakati wote. Chembe ya kwatzi, madini yaliyomo kwa wingi mchangani, iliyofukiwa gizani hupokea mnururisho huo, na sehemu ya nishati yake hunaswa ndani ya chembe. Chembe ikipigwa na jua, nishati ile hutoka yote. Ikifukiwa tena, huanza kukusanya upya. Alifananisha na pipa lililowekwa chini ya mchirizi wa paa: ukijua limejaa kiasi gani, na ukijua kila mwaka huingia kiasi gani, unapata idadi ya miaka tangu lilipomwagwa mara ya mwisho. Kisha akapigilia bomba la chuma ukutani mwa korongo, akaliziba pande zote mbili, na kueleza kwamba sampuli halisi hufunguliwa maabara katika mwanga mwekundu hafifu, kwa sababu mwanga wa kawaida ungemwaga nishati yote kabla haijapimwa. Mzee akauliza tena: itakuwaje ikiwa mchanga uliporomoka usiku, au ndani ya tope zito, usipigwe na jua? Jibu lilikuwa la kweli na lisilo na kujitetea, kwamba hapo umri utaonekana mkubwa kuliko ulivyo, na ndiyo maana watafiti hupima chembe nyingi na kulinganisha majibu. Nimehudhuria semina nyingi za walimu ambazo hazikuwahi kueleza udhaifu wa mbinu kwa uwazi wa namna hiyo.

Maelezo ya kwa nini mawe yale yaliporomoka wakati ule nayo yalikuwa ya makini. Kilele cha enzi ya barafu, miaka 21,000 hivi iliyopita, kwa Afrika Mashariki hakikuwa wakati wa barafu mabondeni bali wakati wa ukame na baridi. Baadaye mvua ziliporejea kwa nguvu, zilikuta miteremko yenye uoto haba, na udongo ukashuka. Kwa tafsiri hiyo tabianchi ilitangulia kuichimba Kondoa, na binadamu akaja kuendeleza kazi hiyo kwa kasi yake mwenyewe. Mwongozaji alisisitiza kwamba jambo hilo haliondoi lawama zetu katika tabaka la juu, na nilifurahi kwamba alilisema mbele ya wakulima wenyewe.

Kituo cha pili kilikuwa kwenye bonde lenye majimaji, ambako tulisukuma bomba la plastiki kwenye tope na kulitoa likiwa na nguzo ya tope ndani yake. Zoezi lenyewe ni dogo, lakini liliwapa washiriki picha ya kile kinachofanyika kwenye maziwa makubwa. Nguzo za tope zilizotolewa Ziwa Nyasa mwaka 2005 zinafikia historia ya zaidi ya miaka milioni moja. Tope la Ziwa Tanganyika limehifadhi mafuta ya vijidudu ambavyo hubadilisha muundo wa utando wao kulingana na joto la maji, na kwa kupima muundo huo wanasayansi wameweza kufuatilia joto la ziwa kwa miaka 60,000. Katika kilele cha enzi ya barafu maji yalikuwa na baridi zaidi ya sasa kwa nyuzi 3 hadi 4 za Selsiasi. Nguzo za Ziwa Viktoria zina tabaka la udongo mkavu wenye alama za mizizi katikati ya tope la ziwani, ushahidi kwamba ziwa hilo lote tunaloliona leo liliwahi kukauka na kuota majani, kisha likajaa tena miaka 15,000 hivi iliyopita. Habari hii ya Viktoria iliwanyamazisha wenzangu wawili wenye asili ya Mwanza, na ingestahili muda mrefu zaidi ya ule iliyopewa.

Chavua ilielezwa kwa hadubini moja tu kwa kundi zima, na foleni ilikuwa ndefu. Hata hivyo mfano uliochaguliwa ulikuwa wa karibu yetu: kinamasi cha milima ya Udzungwa, ambacho chavua yake inarudi nyuma zaidi ya miaka 40,000 na kuonyesha kwamba msitu wa mlimani haukutoweka hata wakati nchi ya chini ilipokauka, kwa sababu unyevu wa Bahari ya Hindi uliendelea kuufikia. Hapo mtu anaelewa kwa nini milima ile ina mimea na wanyama wasiopatikana kwingine.

Michoro ya miambani ya Kolo, iliyoingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2006, ilikuwa kituo cha mchana. Wageni wengi hutarajia kuambiwa michoro ina umri gani hasa, na mwongozaji alikataa kutoa tarakimu. Rangi nyekundu imetokana na madini ya chuma, ambayo hayana kaboni ya kupimwa, kwa hiyo umri wa mchoro hauwezi kusomwa moja kwa moja kutoka kwenye rangi hiyo. Badala yake alitueleza kuhusu pango la Kisese II lililo katika milima hiyohiyo, lililochimbwa miaka ya 1950, ambamo shanga za maganda ya mayai ya mbuni zimepatikana katika matabaka yenye umri wa zaidi ya miaka 40,000. Ganda lina kaboni, na kaboni-14, aina ya kaboni yenye mnururisho, hupungua kwa nusu kila baada ya miaka 5,730, hivyo linapimika hadi miaka 50,000 hivi. Kwa maneno mengine, watu waliokaa hapa katika enzi ya barafu tunawajua kwa shanga zao kwa uhakika mkubwa kuliko kwa michoro yao.

Sasa nije kwenye kasoro. Wakati wa chakula cha mchana, mwongozaji msaidizi alisema kwamba barafu ya Kilimanjaro imehifadhi kumbukumbu ya enzi yote ya barafu. Hili si sahihi. Nguzo sita za barafu zilitolewa Kilimanjaro mwaka 2000, na watafiti waliozitoa walikadiria umri wa sehemu ya chini kabisa kuwa miaka 11,700 hivi, makadirio ambayo wenzao wengine wameyapinga wakisema barafu hiyo ni changa zaidi. Hata tukikubali makadirio hayo, yanaanzia pale enzi ya barafu ilipoishia. Ushahidi wa enzi yenyewe mlimani uko kwenye matuta ya mawe yaliyosukumwa na barafu kubwa ya wakati ule, na kumbukumbu ndefu ya barafu iko Antaktika, ambako nguzo ya zaidi ya kilomita tatu imehifadhi viputo vya hewa vya miaka 800,000. Viputo hivyo ndivyo vinavyotuambia kwamba kaboni dioksaidi ilishuka hadi sehemu 180 hivi kwa kila milioni wakati wa baridi, na kupanda hadi 280 wakati wa joto kabla ya viwanda. Nilipolitaja, kiongozi wa msafara alikubali mara moja na kuahidi kurekebisha maelezo.

Karatasi tunazogawiwa nazo zinahitaji mhariri. Ukurasa mmoja unaweka kilele cha enzi ya barafu miaka 18,000 iliyopita, na ukurasa mwingine miaka 21,000, bila neno la ufafanuzi. Tarakimu zote mbili zina asili yake: ya kwanza ni miaka ya kaboni-14 isiyorekebishwa, ya pili ni miaka ya kalenda, kwa kuwa kiasi cha kaboni-14 hewani hakikuwa sawa nyakati zote. Mwanafunzi asiyeelezwa hilo ataona wanasayansi wanapingana, na huduma iliyojengwa juu ya swali la "mmejuaje" haipaswi kumwacha mwanafunzi hapo.

Usafiri ulikuwa mzuri, kwa sababu barabara ya kwenda Babati ni ya lami na inapita Kolo. Chakula kilikuwa cha kawaida. Ada inajumuisha vyote viwili lakini haijumuishi kiingilio cha michoro, jambo ambalo lielezwe mapema wakati wa kulipia.

Ningewashauri walimu wa kidato cha tano na sita walipe bila kusita, waende kati ya Juni na Oktoba makorongo yakiwa makavu, na waombe kundi lisizidi watu kumi na wawili ili kila mmoja apate zamu yake kwenye hadubini. Waombe pia kituo cha korongo kisifupishwe kwa sababu ya ratiba. Kama muda ni mfinyu, afadhali kipunguzwe kituo cha mchana kuliko kile.