Wasaidizi wa kisheria Tanga mjini: wanakufaa wapi deni la mwenzi likibisha hodi

Kwa mke au mume ambaye cherehani, friji au kiwanja chake kinafuatwa kwa deni la mwenzake, huduma ya wasaidizi wa kisheria ni pa kuanzia. Haitozwi ada. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua, ila hawaruhusiwi kukusimamia mahakamani kama wakili. Tunaipa alama za juu kwa maandalizi. Siku ya kusikilizwa shauri ni habari nyingine.

Wanachokifanya vizuri kuliko vyote ni kuusoma mkataba wa mkopo, kwa hiyo nenda nao mkononi. Wataangalia ulisaini kama nani. Shahidi hadaiwi kitu. Mdhamini anadaiwa kama mkopaji mwenyewe, na hapo hoja ya "hii ni mali yangu" haimwokoi. Aliyetoa ridhaa nyumba ya familia iwekwe rehani ameiingiza nyumba hiyo kwenye deni. Wengi husaini huku wakiambiwa "weka sahihi tu, mama, ni utaratibu", na hapo ndipo mali nyingi hupotelea.

Kama hukusaini, una pa kusimama. Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 58, inasema ndoa haibadilishi umiliki wa mali ya mtu. Kifungu cha 60 kinachukulia kwamba kilichonunuliwa ndani ya ndoa kwa jina la mmoja ni chake, hadi ithibitishwe vinginevyo. Cha 59 kinakataza kuuza au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzi, na kinakupa haki ya kuweka zuio kwa msajili wa hati. Ila zuio hilo linahitaji ardhi iliyosajiliwa. Nyumba ya Ngamiani au Pongwe yenye karatasi ya mauziano ya serikali ya mtaa pekee hailindwi kwa njia hiyo.

Ushahidi ndio wenye nguvu: risiti yenye jina lako, taarifa ya miamala ya simu inayoonyesha ulivyolipa, kadi ya pikipiki, cheti cha ndoa kilichotaja mahari (katika ndoa ya Kiislamu mahari ni mali ya mke, dhahabu ikiwemo). Risiti isiyo na jina, kama zinavyotolewa maduka mengi, ni dhaifu. Mwombe muuzaji aliandike siku ileile ya kununua. Na kuhamishia mali kwa mke baada ya deni kuiva ni kosa kubwa. Mdai atasema ni njama, na ukiufanya uhamisho baada ya mali kukamatwa, ni batili dhidi yake.

Dalali wa mahakama akifika kukamata mali, mtake hati ya mahakama. Ipige picha: jina la mahakama, namba ya shauri, orodha ya mali. Kisha peleka pingamizi kwenye mahakama iliyotoa amri, pamoja na kiapo, yaani maelezo yako ya maandishi uliyoyaapia. Kwa mahakama ya wilaya, ya hakimu mkazi au Mahakama Kuu, msingi wake ni Amri ya XXI kanuni ya 57 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai. Omba humohumo mnada usimamishwe. Kiapo kionyeshe kwamba siku ya ukamataji mali ilikuwa yako au mikononi mwako kwa haki yako mwenyewe. Kusimulia ubaya wa mume hakusaidii chochote. Ukichelewa makusudi, mahakama inaweza kukataa hata kuchunguza. Ukishindwa, kanuni ya 62 inakuruhusu kufungua kesi ya kuthibitisha haki yako.

Udhaifu wa huduma uko hapo kwenye muda. Wapo wanaoanza na barua ya kumsihi mkopeshaji, wakati tarehe ya mnada imeshabandikwa. Barua haisimamishi mnada. Waambie wakusaidie kupanga viambatisho, nawe umtafute wakili siku hiyohiyo. Kiapo cha kunakili kutoka duka la steshenari jirani na mahakama tunakikataa kabisa: mara nyingi kinabaki na maelezo ya mali ya mtu mwingine, na wakili wa mdai atakuuliza juu yake.