Medieval Lives ya Helen Castor: anza na ile ya uzazi

Kama umechoka na dokumentari za Zama za Kati ambazo ni mapanga, farasi na wafalme tu, tafuta hii, BBC waliirusha 2013, sehemu tatu, uzazi, ndoa na kifo, yote ya Uingereza. Anayeongoza ni Helen Castor, mwanahistoria aliyewahi kufundisha Cambridge, na raha yake ni kwamba anashikilia maandishi ya zama zilezile, barua za watu, sala zao, ugomvi wao.

Ya uzazi ndo imenimaliza. Margaret Beaufort alimzaa Henry VII, aliyekuja kuwa mfalme wa Uingereza, mwaka 1457 akiwa na miaka 13, mumewe keshakufa, na hakuzaa tena maisha yake yote. Wakati wa kujifungua wanaume hawaingii, daktari na Kilatini chake anabaki nje huko, ndani mkunga na wanawake wenzie, mjamzito anafungwa tumboni mkanda wa ngozi ulioandikwa sala na anaombewa kwa Mtakatifu Margareta, yule aliyemezwa na joka akatoka mzimamzima. Sie tulionyweshwa kombe na bibi zetu, yale maji yaliyooshea maandishi ya dua, wala hatushangai hapo.

Ndoa sasa! Kumbe kanisa lenyewe lilikubali kwamba wawili wakitamkiana tu kuwa wanaoana, imeshakuwa, padri hayupo shahidi hayupo, hata kilabuni kwenye pombe. Ndo hivyo Margery Paston akaolewa kimyakimya na Richard Calle, msimamizi wa mali za kwao, ukoo ukachachamaa, 1469 askofu wa Norwich akamweka kitako amhoji walitamkiana nini hasa, binti akajibu kama hayo maneno hayatoshi basi atayakaza zaidi kabla hajatoka pale. Jamani! Mama yake akamfungia mlango asiingie nyumbani, ila ndoa ikasimama. Castor huu ukoo anaujua nje ndani, ameshauandikia kitabu, kwa hiyo habahatishi.

Ya kifo imepoa, toharani kule roho zinakosafishwa baada ya kufa, tauni ya 1348, sawa, lakini wanawake ndo wanapotelea humo na mimi nilifuata wao. Halafu wengi tunaokaa nao ni wenye nacho, wale wa kukamua maziwa na kufua za watu nilitaka niwasikie zaidi, hata kwa kupitia kesi za mahakama za kanisa. Nyota nne, ile ya tatu ukiiruka sikulaumu.