Huduma ya «dosie ya kukaa miaka mingi», Lubumbashi: alama 1 kwa 5

Makomisionere (madalali wa ardhi) wa Lubumbashi wanauza huduma moja kwa watu waliojenga kwenye ardhi ambayo Leta (serikali) iliichukua kwa ajili ya barabara, reli au shule, kisha ikaiacha iote majani. Ahadi ni fupi: umekaa zaidi ya miaka 12, hakuna aliyekufukuza, basi lupango (kiwanja) ni yako, lipa, tukutolee sertifika, hati ya ardhi.

Ndani ya dosie mna karatasi ya shefu wa kartie (mtaa), fatira za umeme (SNEL) na maji (Regideso), majina ya majirani, picha za nyumba, na mara nyingi mchoro ambao jiometre (mpimaji) wa kadastre, ofisi ya upimaji wa ardhi, hakuupima. Karatasi hizo zina faida ukigombana na jirani juu ya mpaka. Mbele ya Leta hazina nguvu, na sababu iko kwenye sheria yenyewe.

Miaka 12 ni ya sheria ya Kenya, na hata huko haigusi ardhi ya umma. Kwetu Kongo, kifungu cha 53 cha sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 kinasema udongo ni mali ya Leta peke yake, hauuzwi, wala haki yake haifutwi na wingi wa miaka. Raia hupewa konsesio, yaani haki ya kuutumia, na haki hiyo huthibitishwa na sertifika ya konservatere, ofisa wa kuandikisha ardhi, tu (kifungu cha 219). Kifungu cha 55 kinakataza kumpa mtu ardhi ya kazi ya umma kabla haijaondolewa rasmi katika kazi hiyo. Majani kuota hakuiondoi.

Wauzaji wananyamazia jambo baya zaidi, na hapo ndipo tunapowalaumu sana. Kifungu cha 207 kinaadhibu kutumia ardhi bila haki inayotoka kwenye sheria au mkataba: kifungo cha miezi 2 hadi 6, faini, au vyote viwili. Barua yenye sahihi yako inayosema «nimekaa hapa miaka 15 bila mkataba» ni ungamo ulilolilipia mwenyewe. Hata sertifika ikitoka kwa njia za pembeni, korti inaweza kuifuta, na nyumba ikabomolewa.

Kuna njia inayofaa, ila haianzi na hesabu ya miaka. Anza kwa konservatere: uliza lupango limeandikwa kwa jina la nani, na chukua namba yake ya kadastre. Kisha tafuta arete (amri) ya kunyang'anya ardhi katika Journal Officiel, gazeti rasmi la Leta. Kama wewe ndiye mwenye ardhi wa zamani, yaani uliyekuwa na haki ya kuitumia kabla Leta haijaichukua, au mrithi wake, hapa ndipo penye kesi ya kweli. Katiba, kifungu cha 34, inataka fidia ya haki itangulie. Sheria namba 77-001 ya tarehe 22 Februari 1977 inataka ilipwe kabla ya ardhi kuandikishwa kwa jina jipya, na isipite miezi 4 tangu hukumu iliyoipanga. Ikipita, unaweza kushitaki unyang'anyi ufutwe na kudai hasara. Na kama kazi iliyokusudiwa haikufanywa, Leta ikatangaza kwamba inairudisha ardhi, una miezi 3 tu ya kusema unaitaka. Wengi hupoteza haki yao hapo kwa sababu hakuna anayewasomea tangazo.

Aliyejenga tu, bila kuwa mwenye ardhi wa zamani, hana mlango huo. Aulize kwanza kama ardhi imeondolewa rasmi kwenye kazi ya umma. Ikiwa ndiyo, aombe konsesio kama mtu mwingine yeyote: barua ya ombi, kupimwa na kuwekewa mawe ya mpaka na jiometre wa kadastre, mkataba, na malipo kwenye akaunti ya Leta benki, risiti mkononi. Ikiwa bado, asiongeze hata tofali.

Kama komisionere ameshachukua dosie yako, dai karatasi za asili zote, na usiweke sahihi kwenye barua yoyote inayotaja miaka kabla avoka (wakili) wako hajaisoma.