Linux kando ya Windows: kugawa diski au kompyuta pepe?

Ukitaka Linux bila kuachana na Windows, njia ni mbili. Ya kwanza, unaigawa diski na kila mfumo unapata sehemu yake. Ukiwasha mashine, menyu ya GRUB inakuuliza uingie wapi. Ya pili, unasakinisha VirtualBox, programu ya kuunda kompyuta pepe, na Linux inaishi ndani ya dirisha kama programu nyingine yoyote. Kwa anayejifunza, mimi ningeanza na hii ya pili: ukiiharibu, unaifuta na kuanza upya, Windows yako haijaguswa.

Kwa kasi, kugawa diski kunashinda waziwazi. Mfumo uliowaka unapata RAM yote. Kompyuta pepe inagawana: kwenye mashine ya GB 8, ukiipa Linux GB 4, Windows inabaki na nusu na kivinjari kinaanza kukwama.

Ila hatari nayo iko hukohuko kwenye kugawa. Chagua sehemu isiyo sahihi wakati wa kusakinisha, na picha zako zote zimekwenda. Tafadhali nakili mafaili kwenye diski ya nje kwanza, hifadhi ufunguo wa BitLocker (kinachofunga diski ya Windows kwa usimbaji), na uzime Fast Startup, mpangilio wa Windows wa kuwaka haraka, maana ukiachwa Windows haizimiki kikamilifu. Halafu usishtuke saa ikipishana kila ukibadili mfumo: Linux huichukulia saa ya mashine kuwa UTC (saa ya kimataifa), Windows huiona ni ya mahali ulipo. Ndani ya Ubuntu, amri hii huirekebisha:

timedatectl set-local-rtc 1